Mke wa Nyegere Mbele ya Hakimu

Nyegere alikuwa na wivu. Kila mkewe alipoitikia salamu ya jirani, alimpiga. Mwishowe mke alimng'ata koo akiwa usingizini, akafa.

Mke akashtakiwa mbele ya Kobe, hakimu asiyependa ugomvi.

"Marehemu alikuwa amelala, hakuwa akikudhuru," Kobe alisema. "Alipokuwa akikupiga, mbona hukuja kwangu?"

"Nilikuja, mheshimiwa, sikio likivuja damu. Ukasema hayo ni mambo ya nyumbani, nirudi, nisimjibu, ningoje mpaka alale."

Baraza zima likamgeukia Kobe.

"Nikarudi," mke alisema. "Sikumjibu. Nikangoja mpaka alale."

Kobe akaingiza kichwa ndani ya gamba, na humo humo akasoma hukumu: kifungo cha maisha.