Chungu cha Jumapili

Verna alifungua mlango wa jikoni akitarajia harufu ya nyama. Hakusikia harufu yoyote.

Asubuhi, kabla ya ibada, alikuwa amepanga kila kitu ndani ya chungu cha umeme kinachopika polepole, kama alivyofanya kila Jumapili kwa miaka arobaini: vitunguu chini, viazi na karoti, kisha pande la nyama ya ng'ombe. Akafunika, akaenda kutafuta kofia yake.

Sasa aligusa kifuniko cha kioo. Kilikuwa baridi. Mafuta ya nyama yalikuwa bado meupe, yameganda.

"Mama, hukuwasha?"

Binti yake alisimama nyuma yake, koti mwilini. Tangu wamzike baba yake wiki iliyopita, alikuwa akitaka kumhamishia mama kwake, mjini Des Moines.

"Ndiyo hayo ninayokwambia kila siku. Leo umesahau kuwasha, kesho utasahau kuzima. Huwezi kukaa peke yako."

"Sikusahau."

"Mama, jamani! Si chakula hiki hapa, kibichi?"

Verna alitazama swichi ya kuzungusha. Maandishi yaliyoizunguka yalikuwa yamefutwa na kidole gumba, wala si chake.

"Sijawahi kukiwasha," alisema polepole. "Baba yako ndiye aliyekuwa akikiwasha, akipita kwenda kupasha gari moto. Mimi nilikuwa nikifunika tu."

Binti alivua koti, akalitundika kwenye kiti cha baba.

"Alikuwa anazungusha mpaka wapi?"

Verna aliweka kidole gumba pale palipofutika.

"Sijui, mwanangu."