Pumzi ya Mwanzi

Rekodi ya zamani ilipoisha, Amisa akavua hedifoni. Bendi kubwa ya jazi ya marehemu mumewe ilisikika yote, tarumbeta na ngoma za Kijapani. Lakini kwenye filimbi ya mwanzi, ile pumzi ya mumewe iliyokuwa ikikwaruza kabla ya kila noti haikuwepo.

"Nimesafisha makelele yote, mama," alisema fundi wa studio hiyo ya mtaani Doornfontein, akitabasamu.

"Makelele?" Hasira zikampanda Amisa. "Mzee wangu alikwenda Japani kujifunza kupuliza hivyo! Filimbi ile, pumzi ndiyo wimbo wenyewe."

"Eish, mama, si hewa tu?"

Amisa akainuka, akamziba mdomo na pua kwa kiganja.

"Haya, sema tena ni hewa tu."