Kozi ya Kuogelea ya Chuo cha Chura

Chura mwenye chuo alianzisha kozi ya kuogelea, kisha akamshtaki Kobe, afisa wa serikali, kwa kuchelewesha kibali. Kuku alihudhuria kesi roho ikiwa juu, kwa sababu kifaranga wake alikuwa amekwisha kusajiliwa.

"Shoga, tukishindwa mwanangu atasoma wapi?" Kuku alimnong'oneza rafiki yake Bata.

Jaji Bundi akauliza, "Kobe, mbona hukujibu maombi?"

"Mheshimiwa, nilikuwa njiani kwenda kukagua bwawa."

"Muda wako wa kujibu umepita. Kozi imeidhinishwa!"

Chura akarukaruka. "Wanafunzi wote majini, leo hii!"

Kuku akapiga vigelegele, halafu ghafla akamgeukia Bata. "Shoga, hivi kuna aliyeuliza kama kifaranga anaweza kuogelea?"

"Si wewe mama yake?" Bata akashangaa.

Kuku alikuwa tayari anakimbilia bwawani.