Viatu vya Katembo

“Wanne,” alisema mfungwa, na Kapteni akamzaba kofi la tatu asubuhi hiyo.

“Watatu,” Ochola alimsahihisha, akimwonyesha faili. “Sajenti Olanya iko na watoto watatu. Sema.”

“Watatu.”

Ochola, karani wa ofisi ya usalama pale kilimani, alikuwa amepewa siku nne kumgeuza mfungwa huyu kuwa mtu mwingine. Daftari la seli lilimtaja kwa jina la Katembo, Mkongo muuza vitenge wa mtaa wa maduka wa Kikuubo aliyekamatwa kwa magendo. Mtu aliyetakiwa kuwa ni Olanya, sajenti wa polisi kutoka kaskazini, ambaye faili lake lilikuwa na mstari mwekundu tangu mwaka jana. Maana ya mstari ule kila mtu aliijua. Siku ulipochorwa, walinzi walisoma majina mlangoni mwa seli, na Olanya hakuweza hata kusimama. Wenzake walimwitikia jina, wakambeba, akapakiwa kwenye lori ambalo waliopanda hawakurudi.

Tatizo lilikuwa barua. Acan, mke wa Olanya, aliiandikia tume ya haki za binadamu ya Umoja wa Mataifa kule Geneva. Barua ikasukumwa kutoka meza hii hadi ile kwa miezi mingi, mwishowe tume ikamtuma mtu mmoja aje kuuliza.

Kapteni hakuwa na wasiwasi. “Huyu mgeni anataka Olanya iko hai kushinda sisi,” alisema. “Mkubwa moja anatuuzia bunduki, mkubwa ingine ananunua kahawa yetu. Na kule Geneva hata sisi iko na mkono ya kuinua. Nani anataka kupoteza hiyo mkono?”

Masharti ya mfungwa yalikuwa mepesi. Akifaulu, ataachiwa arudi kwao Zaire. Akikosea mbele ya mgeni, lori. Ochola alimweleza hayo kwa sauti ile ile aliyoagizia chai. Zamani kazi kama hii ingemnyima usingizi. Sasa alikula chakula chake cha mchana akashiba, na jambo hilo halikumshangaza tena.

Mfungwa huyu Ochola alimchagua mwenyewe. Kati ya wote waliokuwa ndani, huyu ndiye aliyefanana kidogo na picha iliyofifia kwenye faili. Kiswahili pia alikijua, maana Kampala hii Kiswahili ni cha askari na Wakongo. Ochola alimkataza tu kusema “batoto”. Kufika siku ya pili ile “ba” ilikuwa imekwisha mdomoni, na Ochola, aliyewahi kuwa mwalimu wa shule, akajipongeza. Hesabu peke yake ndiyo iliyomshinda mfungwa.

Siku ya tatu Ochola alitoka getini kumwita Acan. Hakumtafuta sana. Kila siku alikuwa pale ng’ambo ya barabara, chini ya mwavuli mmoja na Kavugho, mke wa Katembo, kila mmoja akimngoja wake. Ochola alimvuta Acan kando akamwambia ataonyeshwa mtu, Mkongo, naye aseme ni mumewe. Akamkumbusha kwamba ana watoto.

“Nikisema ndiye, huyo mtu atapona?” Acan aliuliza.

“Atapona.”

“Basi nitasema.”

Mgeni alikuja na mkoba wa ngozi na saa aliyoitazama mara kwa mara. Kulikuwa na chai na mkate uliopakwa siagi. Acan aliingia akiwa amebeba mgongoni mtoto mchanga ambaye faili halikumjua. Alisimama mbele ya mfungwa kitambo, macho makavu.

“Ndiye,” alisema. Akaketi, asimtazame tena. Ochola alimwonea huruma kwa mbali, kama mtu anayesikia msiba wa mtaa wa pili.

Mgeni akamuuliza mfungwa, Ochola akitafsiri, ana watoto wangapi.

Mfungwa alimtazama yule mtoto. “Wanne.”

Kikombe cha Kapteni kilikwama hewani. Mgeni akaipekua barua ya Acan, akakuta nayo imeandika wanne, akatia alama kwa kalamu, akafunga mkoba. Alionekana amepata nafuu, kama mtu aliyeng’olewa jino.

Baada ya wiki mbili habari ililetwa kwamba suala la Uganda limeondolewa kwenye ajenda kule Geneva. Kapteni alicheka mpaka akakohoa. “Huyu Mkongo mjanja. Aliona mtoto mgongoni, akaongeza moja. Mwachie aende. Kule Zaire nani atamsikiliza?”

Lakini ofisi ilikuwa na desturi yake: hakuna aliyetoka bila mtu wa nyumbani kumpokea na kutia kidole gumba kitabuni. Kavugho akaitwa. Alikuja mbio, na viatu vya mumewe vimefungwa kwa gazeti, maana alijua wafungwa hutoka miguu mitupu.

Alimtazama mtu aliyesimama getini. Akamtazama tena.

“Mama, huyu si mume yako?” Ochola aliuliza.

Kavugho alitazama ng’ambo ya barabara, kule kwenye mwavuli.

“Ndiye,” alisema, akatia kidole gumba.

Mtu yule alijaribu kuvaa viatu. Visigino vilibaki nje, cha kulia na cha kushoto. Mlinzi akacheka, akasema huko ndani miguu huvimba. Ochola alikumbuka yule mtu aliyebebwa hadi kwenye lori. Alifungua geti.

Aliwatazama wakivuka barabara. Chini ya mwavuli Acan alisimama, watoto watatu wamemshika gauni, na yule mtu akampokea wa nne kutoka mgongoni kwake. Wakaondoka wote sita bila kugeuka.

Kavugho hakwenda nao. Aliketi mahali pake pa kila siku, akaviweka mapajani viatu ambavyo yule mtu alimrudishia, akaanza kumlilia mumewe.