Kalenda ya Duka la Rangi

Sanduku lilikuwa limeshashuka ngazi, na hamali ameshalifunga kamba mkokotenini, Nabiha alipotoka mbio, leso imemwanguka kichwani.

"Wifi! Wamrudia yule?"

"Naenda mahakamani," Mwanaesha akasema.

"Na sanduku?"

"Mtu akitoka huko lazima alale mahali."

Nabiha akasonya. Miezi mitatu alimweka wifi yake, dada wa mumewe, hapa Kuze, akimsihi amsahau mume aliyemwacha. Naye Mwanaesha kazi yake ikawa kupanda juu ya nyumba magharibi na kuutafuta mwezi mwandamo, kama mtu anayengoja Ramadhani.

Kamaludin, mwenye duka la rangi Ndia Kuu, alimwacha Mwanaesha tarehe mosi Julai kwa ajili ya chai iliyopoa. Haikuwa talaka ya kwanza. Miaka minne nyuma alimwacha, kisha akamrejea kwa simu bila hata kumuuliza, kama mtu aliyeikumbuka kanzu yake kwa fundi. Sheria yampa mume nafasi hiyo: maadamu eda haijaisha, neno lake moja latosha. Na kwa mwanamke wa umri wa Mwanaesha, aliyekoma hedhi, eda ni miezi mitatu.

Safari hii Kamaludin alitaka abembelezwe kwanza. Aliitia mosi Oktoba duara jekundu kwenye kalenda ya dukani, akafungua kesi ya kugawana vyombo, na mahakama ikawapeleka kwa mpatanishi, Sheikh Khubaib.

Kikao cha kwanza Mwanaesha alikuja na mahamri, akaomba kiahirishwe: jino. Cha pili alikuja na kaimati: mafua.

"Muone, Sheikh," Kamaludin alisema, mdomo umejaa. "Hataki kuachika huyu. Yuwavuta siku."

Mwanaesha akainamisha macho, akamsogezea sahani. Tarehe ya kikao cha tatu aliichagua mwenyewe: Jumanne, thelathini Septemba.

Kamaludin alicheka hadi akakohoa. "Bado siku moja! Haya, mama, roho yako ngumu."

Leo, alipopita Ndia Kuu nyuma ya mkokoteni, amejifukiza udi, asumini kifuani, muuza mbaazi alimpigia kigelegele.

"Bibi harusi huyo! Arudishwa!"

"Bibi harusi nyanyako," Mwanaesha akajibu, wala hakupunguza mwendo.

Mahakamani, Kamaludin alikuwa ameshakaa. Alinusa ule udi, akalitazama sanduku mlangoni, akaiweka sawa kofia yake.

"Kabla hatujaanza," Khubaib alisema, "mna neno?"

"Mimi ninalo." Kamaludin alisimama, sauti ya mtu anayetoa sadaka. "Shahidi ni wewe, Sheikh. Nimemrejea mke wangu. Sanduku lipelekwe nyumbani. Na chai leo iwe moto."

Kwa mara ya kwanza tangu Julai, Mwanaesha aliinua macho, akamtazama usoni.

"Mke yupi, Bwana Kamaludin?"

"Wewe! Leo si thelathini? Ningali na siku nzima."

"Kalenda yako hiyo ni ya kuuzia rangi. Eda haihesabiwi kwa Julai na Oktoba, yahesabiwa kwa mwezi ulio juu. Uliniacha tano ya mwezi wa Mfungo Nne. Muulize Sheikh leo ni ngapi."

Khubaib alihesabu kwa vidole, polepole, kisha akahesabu tena.

"Saba Mfungo Saba," alisema.

"Basi imekwisha juzi," Mwanaesha akasema, akamwita hamali.

Faili lilifungwa siku ile ile. Nabiha anaishi Kuze bado, na amejifunza kukanda mahamri. Mwanaesha amepanga chumba Makadara, juu ya fundi cherehani. Sanduku liko chini ya kitanda. Kamaludin yuko dukani. Ametuma posa mara mbili. Ya pili ilirudi na chupa ya chai iliyopoa.