Zaidi ya Hamsini

Siku hizi kumtunza mzazi ni ajira ya serikali, na hata mtoto wa kumzaa huomba nafasi kama mwombaji mwingine yeyote. Nyamizi alifanya mtihani ili amtunze baba yake, mzee Lugendo, akapata hamsini kamili.

Kanuni inadai "alama zaidi ya hamsini". Nyamizi alikata rufaa, akaletewa ufafanuzi wa zamani: hamsini si zaidi ya hamsini. Chini yake palikuwa na saini ya baba yake, aliyoiweka mwenyewe enzi zake za uafisa ajira, tena bila kusita.

Nafasi akapewa Devota, mwenye alama tisini na moja. Kila asubuhi humwamkia mzee kwa kupiga goti, humwita baba, na uji wake hauna donge hata moja.

Nyamizi huja Jumapili, nusu saa, kama mgeni. Leo alipika uji ukajaa madonge, kama zamani. Mzee akaunywa wote.

"Muda umekwisha, dada," Devota alisema kwa upole, akamsindikiza nje, akafunga mlango. Kisha akaleta uji wake.

"Nikuongezee, baba?"

"Ule ulitosha," mzee alisema, akiutazama mlango.