Mgombea Zizini

Kura zikihesabiwa, mgombea alikuwa zizini, amelala ubavu kwenye matope, mkono umezama hadi begani ndani ya ng'ombe.

Suti aliyonunuliwa na mkewe kwa ajili ya ushindi ilining'inia langoni. Saa hizo alipaswa kuwa kwenye kituo cha kuhesabia kura, akipigwa picha. Lakini Mama mwenye ng'ombe alikuwa amempigia simu akilia kwamba ndama amekaa vibaya, na daktari wa mifugo jimbo zima alikuwa yeye peke yake.

"Vuta taratibu, mwanangu," alisema Mama, ameshikilia mkia. "Huyu ndiye anayenilishia wajukuu."

"Mguu nimeshaupata, Mama. Hebu sikiliza redio inasemaje."

Uchaguzi mdogo ulikuja baada ya mbunge kufariki, na jimbo lile tangu zamani huamuliwa kwa kura za kuhesabika. Daktari aliutaka ubunge kuliko kitu chochote duniani. Alichoka kunuka samadi hata harusini. Alichoka kuamshwa na kila mwenye mbuzi anayeharisha. Mpinzani wake watu walimwita Bwana Kesho. Alikuwa na duka la misumari na mabati lililofungwa muda mwingi kuliko kufunguliwa, na hakuna aliyewahi kumwona akimaliza jambo.

Kila alikopita kuomba kura, Daktari alipokewa kama mkwe. Wazee walimshika mikono wasitake kuiachia. Akina mama walifuta machozi kwa ncha za khanga. "Wewe ni wetu," walimwambia. "Hatukuachii!"

Hakukosekana mtu wa kuuliza: "Sasa ukishinda, utahamia mjini?"

Naye, kwa kuwa si mwongo, alijibu kwamba bunge liko mjini, hivyo hana budi. Watu waliinamisha vichwa. Daktari alifurahi kuona heshima kiasi kile.

Bwana Kesho alipoulizwa swali hilo hilo, alisema atahama siku ya pili yake, na familia yake yote. Umati ulimshangilia hadi vumbi likatimka. Daktari aliposimuliwa alicheka mpaka akashika mbavu. Akili ni nywele, alisema, kila mtu ana zake.

Ndama aliteleza akatoka, akapiga chafya. Mama alipiga vigelegele. Kabla hajamaliza, redio ikatangaza: Bwana Kesho ameshinda, kwa kura ambazo hazijazi hata lori moja.

Daktari alikaa juu ya ndoo iliyopinduliwa. Machozi yalimlengalenga, wala hakujisumbua kuyaficha.

"Wamenunuliwa," alisema. "Niambie ukweli, Mama. Ni nani walionisaliti?"

Mama alileta maji ya moto, akammiminia mikononi polepole, akampa kipande cha sabuni kilichokuwa bado kwenye karatasi yake.

"Hakuna aliyenunuliwa, mwanangu. Wafugaji wote tulikaa kikao, tukajiuliza: kati ya hawa wawili, ni yupi akienda mjini hatutamlilia?"

Akamwongezea maji.

"Na hiyo sabuni usiihurumie. Tumekununulia katoni nzima."